Chongo, Kengeza na Kipimo cha Umbali

Katika sehemu ya nyuma ya kila jicho la binadamu umetandazwa utando mwembamba uitwao retina, ambao hupokea nuru iliyoingia kupitia tundu la mboni na kukusanywa na lenzi, na utando huo, ingawa umepinda kufuata duara la jicho, hupokea taswira iliyo bapa: taswira hiyo ina kulia na kushoto, ina juu na chini, lakini haina mbele wala nyuma. Nukta ya nuru inapotua juu ya retina haibebi alama yoyote ya kueleza kama imetoka kwenye ncha ya sindano iliyoshikwa mkononi au kwenye taa ya meli iliyotia nanga nje ya bandari. Hata hivyo mtu mwenye macho hunyoosha mkono na kukishika kikombe bila kupapasa, huruka mtaro bila kutumbukia, na hujua kwa mtazamo mmoja kwamba mnazi huu uko mbele ya nyumba ile. Kwa hiyo kina, yaani ule utambuzi wa kwamba vitu vimepangana kutoka karibu hadi mbali, si jambo linalopokelewa na jicho, bali ni jambo linaloundwa na ubongo kutokana na dalili nyingi, kama kadhi anavyofikia hukumu kutokana na mashahidi ambao hakuna hata mmoja wao aliyeliona tukio zima.

Imezoeleka kudhaniwa kwamba mashahidi hao wote wanatoka kwenye jozi ya macho, na kwamba mwenye chongo anaiona dunia kama picha iliyobandikwa ukutani. Dhana hiyo ni ya makosa, na makosa yake yanaumiza watu wa aina mbili kwa wakati mmoja, kwa kuwa inamnyima mwenye chongo sifa ya uwezo ambao kwa kweli anao, na inamsahau mwenye kengeza, hasa akiwa mtoto mchanga, ambaye hupewa matumaini ya bure kwa sababu tu macho yake yote mawili yapo na yote mawili yanaona. Waswahili husema kwamba ukipenda, chongo huita kengeza, na methali hiyo imejengwa juu ya imani kwamba kengeza ni ila ndogo inayoweza kuifunika ila kubwa. Katika elimu ya uoni ila hizo mbili ni jirani wa karibu kuliko methali inavyokusudia.

Mmoja wa watu wa kwanza kueleza kwa upana jinsi umbali unavyotambuliwa, na ambaye maelezo yake bado yanasomeka kwa faida, ni Ibn al-Haytham, mwanachuoni aliyezaliwa Basra mnamo mwaka 965 na kufariki Kairo mnamo mwaka 1040, mwandishi wa Kitab al-Manazir, kitabu kikubwa kuhusu nuru na uoni. Hoja yake ilikuwa kwamba umbali hauhisiwi moja kwa moja kama rangi inavyohisiwa, bali hukadiriwa na akili kwa haraka kiasi kwamba mwenye kukadiria hajui kuwa amekadiria, na kwamba kipimo kikuu cha makadirio hayo ni ardhi iliyolala kati ya mtazamaji na kitu kinachotazamwa, mradi ardhi hiyo ionekane yote bila kukatika. Alitoa mfano wa mawingu: katika nchi tambarare, ambako hakuna kitu chochote kinachojaza nafasi kati ya jicho na wingu, mtu huyadhani mawingu kuwa juu mno, lakini katika nchi ya milima, ambako wingu hukatiza mbele ya kilele na kukificha, mtu hutambua mara moja kwamba halikuwa mbali kama alivyodhani. Mkazi wa Moshi au wa Rombo, ambaye huuona mlima wa mita 5,895 ukivikwa mawingu na kuvuliwa mara kadhaa kwa siku, ana mfano huo mbele ya mlango wake. Ibn al-Haytham alieleza pia jinsi mtu anayechungulia kwenye tundu na kuona kuta mbili zilizoachana, huku ardhi ikiwa imefichwa asiione, anavyoshindwa kutambua kuwa kati ya kuta hizo kuna nafasi. Jambo la kuzingatia ni kwamba dalili hii ya ardhi haihitaji macho mawili hata kidogo.

Karibu miaka elfu moja baadaye, mwaka 1950, mwanasaikolojia wa Marekani James Gibson aliirejea ardhi hiyohiyo katika kitabu chake kuhusu utambuzi wa dunia ionekanayo, akaonyesha kwamba changarawe za barabarani, nyasi za mbugani au mawimbi madogo ya baharini huonekana makubwa na yaliyoachana karibu na miguu ya mtazamaji, kisha hupungua na kusongamana kadiri yanavyoelekea upeo wa macho, na kwamba mpangilio huo wa kupungua humpa mtazamaji kipimo kilichotandazwa juu ya ardhi nzima. Juu ya kipimo hicho huongezeka dalili nyingine ambazo wachoraji wamezitumia kwa karne nyingi: kitu kinachokiziba kingine ni lazima kiwe mbele yake, kingo za barabara iliyonyooka huonekana kukaribiana zinapoelekea mbali, kivuli hueleza kama uso wa kitu umetuna au umebonyea, na kitu ambacho ukubwa wake unajulikana, kama vile ng'ombe au basi, kikionekana kidogo huhesabiwa kuwa kiko mbali. Hewa nayo ni shahidi, kwa sababu vumbi na mvuke uliomo ndani yake hufifisha rangi za vitu vya mbali na kuzitia ubuluu, ndiyo maana asubuhi iliyofuata mvua kubwa milima huonekana kama imesogea karibu na kijiji, na kwenye ukungu dereva hudanganyika akaliona gari lililo mbele yake kuwa mbali kuliko lilivyo.

Usiku dalili nyingi kati ya hizo hupotea, na kile kinachobaki hakina budi kulindwa. Dereva anayekutana na gari gizani hukadiria umbali wake kwa nafasi iliyopo kati ya taa zake mbili, na hukadiria kasi yake kwa jinsi nafasi hiyo inavyopanuka; gari linaposafiri na taa moja iliyokufa, kipimo hicho hufutika, na lori zima huweza kudhaniwa kuwa pikipiki iliyo mbali inayoshika upande wake wa barabara. Hapa aliye na macho mawili mazima hana nafuu yoyote kuliko mwenye chongo, kwa sababu ambayo hesabu itakayotolewa mbele itaifafanua, na inasikitisha kwamba taa iliyoungua huhesabiwa na wenye magari wengi kuwa dosari ndogo ya kungojea mwisho wa mwezi.

Dalili nyingine yenye nguvu kubwa, kwa jicho moja, ni mwendo. Abiria aliyekaa dirishani kwenye basi linaloelekea Morogoro huona nguzo za umeme zikipita kwa kasi, nyumba zilizo nyuma yake zikipita polepole, na Milima ya Uluguru ikionekana kama inasafiri pamoja na basi, na kutokana na tofauti hizo za kasi ubongo wake huvipanga vitu vyote kwa umbali wake bila kuulizwa. Si lazima basi liwepo: kukisogeza kichwa sentimita chache kulia na kushoto kunatosha, na ndiyo sababu bundi huonekana akiyumbisha kichwa kabla ya kuruka. Jicho moja linaposogea hupata, kwa kuchelewa kidogo, kile ambacho macho mawili hukipata papo hapo, yaani mitazamo miwili ya kitu kimoja kutoka sehemu mbili tofauti. Kinyonga amepewa njia nyingine tena, kwani yeye, ambaye macho yake huzunguka kila moja kwa upande wake, hupima umbali wa mdudu kwa kiasi ambacho lenzi ya jicho hulazimika kujirekebisha ili taswira isiwe na ukungu, kisha huutoa ulimi wake kwa usahihi unaojulikana na kila mtoto wa shamba. Binadamu pia hupata dalili hiyo kutoka kwenye lenzi zake, lakini kwake ni dhaifu na haifai kitu baada ya mita chache.

Iwapo jicho moja lina mashahidi wengi kiasi hiki, swali linalobaki ni macho mawili huongeza nini. Mtu akinyoosha kidole mbele ya uso na kukitazama kwa jicho la kulia pekee, kisha kwa jicho la kushoto pekee, atakiona kidole kikiruka upande huu na upande ule juu ya ukuta ulio nyuma yake, kwa kuwa kila jicho hutazama kutoka mahali pake na kupata picha iliyotofautiana kidogo na ya mwenzake. Kwa karne nyingi wanachuoni waliichukulia tofauti hiyo kuwa tatizo, wakijiuliza ni vipi mtu mwenye picha mbili haoni vitu viwili. Mwanasayansi wa Uingereza Charles Wheatstone ndiye aliyeligeuza swali mwaka 1838, alipoieleza Jumuiya ya Kifalme ya London kwamba tofauti hiyo si kasoro inayovumiliwa na ubongo, bali ndiyo kipimo chenyewe cha kina. Ili kuthibitisha dai lake alitengeneza chombo alichokiita stereoskopu, chenye vioo viwili vilivyowekwa kwa pembe ili kila jicho lione mchoro wake peke yake; michoro yenyewe ilikuwa mistari mitupu isiyo na kivuli wala rangi, na kila mmoja ukitazamwa kando ulikuwa bapa, lakini ilipotazamwa pamoja umbo la kitu kigumu lilichomoza likiwa na mbele yake na nyuma yake. Wakati huo upigaji picha ulikuwa bado haujatangazwa hadharani.

Tofauti hiyo kati ya picha mbili ina uwezo mkubwa sana, na pia ina mpaka mkali sana. Ikichukuliwa kwamba mboni za mtu mzima zimeachana kwa sentimita 6.3, ambao ndio wastani unaotajwa kwa kawaida, na kwamba anaweza kutambua tofauti ya pembe ya sekunde 20, yaani sehemu moja ya 180 ya digrii moja, kiwango ambacho watu wengi wenye macho yenye afya hukifikia, basi kwa kitu kilicho umbali wa sentimita 40, mahali ambapo fundi cherehani hushika sindano yake, ataweza kutambua kwamba uzi uko mbele au nyuma ya tundu kwa robo ya milimita tu. Kwa umbali wa mita 1 ataweza kutofautisha vitu viwili vilivyopishana kwa milimita 1.5. Lakini kwa umbali wa mita 10 mpishano huo lazima ufikie sentimita 15, na kwa umbali wa mita 100 lazima ufikie mita 15, kwa sababu umbali unapozidi mara 10, usahihi hupungua mara 100. Maana yake ni kwamba uoni wa macho mawili ni elimu ya mikono: ni wa sindano, wa kisu, wa chujio la chai, wa tawi linaloshikwa na anayepanda mwembe. Nje ya eneo hilo hupungua nguvu upesi, na katika masafa ya mlima, meli na lori linalokuja usiku, mwenye macho mawili na mwenye jicho moja hutegemea dalili zilezile.

Mpaka huo huweza kusogezwa kwa kuyatenga macho, na historia ya Afrika Mashariki inao ushahidi wake. Baada ya Uingereza kuanzisha idara ya upimaji wa makoloni mwaka 1946, ndege zilipita juu ya Tanganyika, Kenya na nchi nyingine zikipiga picha zilizopandiana, kila picha ikichukuliwa mahali palipo mbali na pale ilipochukuliwa iliyotangulia, kisha wachora ramani walizitazama picha hizo mbilimbili kwa vyombo vilivyotokana na wazo la Wheatstone. Mchora ramani aliyekaa ofisini aliziona nchi hizo kama zingeonwa na jitu ambalo jicho lake moja na jingine vimeachana kwa mamia ya mita, mabonde yakiwa na kina na vilima vikiwa vimesimama, na kwa njia hiyo aliweza kuchora mistari ya kimo cha ardhi kwenye ramani za kipimo cha 1:50,000 ambazo wapimaji na wanafunzi wa jiografia wa vizazi vilivyofuata wamezitumia.

Bado kulikuwa na shaka moja: je, ubongo hutambua kwanza kuwa hiki ni kilima, kila jicho kwa upande wake, ndipo huzilinganisha picha mbili, au hulinganisha kwanza? Béla Julesz, mhandisi mzaliwa wa Hungaria aliyefanya kazi katika maabara za Bell huko Marekani, alilijibu swali hilo mwaka 1960 kwa kutumia kompyuta iliyotapanya nukta nyeusi na nyeupe bila mpango wowote katika picha mbili zinazofanana, isipokuwa kwamba kundi la nukta za katikati lilisogezwa kidogo upande mmoja. Jicho moja pekee halikuona chochote ila vurugu ya nukta. Macho mawili kwa pamoja yaliona mraba ukielea mbele ya vurugu hiyo. Hapakuwa na kilima, wala kivuli, wala kitu chochote cha kutambua, na bado kina kilikuwapo. Mwaka 1967 Horace Barlow, Colin Blakemore na Jack Pettigrew walieleza kwamba katika gamba la ubongo la paka, yaani tabaka la nje la ubongo, kuna seli ambazo huamka pale tu picha za macho mawili zinapopishana kwa kiasi fulani, kila seli na kiasi chake.

Seli za namna hiyo hazifanyi kazi bila malezi, na hapa ndipo kengeza linapokutana na chongo. Utambuzi wa kina kwa macho mawili hauonekani kwa mtoto siku ya kuzaliwa, bali huanza kujitokeza akiwa na umri wa takriban miezi 4, baada ya macho yake kujifunza kulenga kitu kimoja kwa pamoja. David Hubel na Torsten Wiesel, waliopewa Tuzo ya Nobel mwaka 1981, walionyesha kwa watoto wa paka kwamba jicho lililofungwa katika majuma ya mwanzo ya maisha hupoteza nafasi yake ndani ya ubongo, na kwamba kulifungua baadaye hakuirudishi nafasi hiyo, ilhali jicho la paka mzima likifungwa kwa muda uleule hakuna kinachoharibika. Mtoto mwenye kengeza hakufungwa jicho, lakini macho yake yanatazama sehemu mbili tofauti, kwa hiyo ubongo hupata picha mbili zisizolingana, na ili kuepuka kuona vitu viwili huizima picha ya jicho moja. Hali hiyo ikidumu, jicho lililozimwa huzorota katika uoni wake, hali inayoitwa ambliopia, na zile seli za kulinganisha hukosa cha kulinganisha. Mtoto huyo, kwa upande wa kina kinachotokana na macho mawili, anakuwa kama mwenye chongo, na hakuna anayejua, hata yeye mwenyewe, kwa sababu hajawahi kuona vinginevyo.

Kwa sababu hiyo, ushauri unaotolewa mara kwa mara barazani, kwamba kengeza la mtoto litanyooka lenyewe akikua au kwamba ni jambo la sura tu, ni ushauri wenye madhara makubwa. Ni kweli kwamba macho ya mtoto mchanga huweza kupotoka mara mojamoja katika miezi ya kwanza, lakini kengeza linaloendelea baada ya mwezi wa 4 linahitaji kuonwa na daktari wa macho, vivyo hivyo weupe wowote ndani ya mboni, ambao huweza kuwa mtoto wa jicho au ugonjwa mbaya zaidi. Tiba hutegemea chanzo, nayo huweza kuwa miwani, kiraka kinachofunika jicho lenye nguvu ili lile dhaifu lilazimishwe kufanya kazi, au upasuaji wa misuli inayozungusha jicho, na hufaulu zaidi inapoanza katika miaka ya kwanza ya maisha.

Mlango wa tiba, hata hivyo, haujifungi kwa kila mtu kwa namna moja. Susan Barry, mtaalamu wa baiolojia ya neva huko Marekani, alikuwa na makengeza tangu uchanga, na ingawa alifanyiwa upasuaji mara 3 utotoni hadi macho yakaonekana yamenyooka, aliishi hadi karibu miaka 50 bila kuona kina kwa macho mawili. Mazoezi ya macho aliyoyaanza akiwa na umri wa miaka 48 yalimfunza kuyalenga macho yote mawili mahali pamoja, na siku moja alipoketi ndani ya gari lake aliuona usukani ukiwa umejitokeza, umeelea mbele ya dashibodi. Katika kitabu alichokichapisha mwaka 2009 alieleza kwamba alijua nadharia yote ya jambo hili kabla ya siku hiyo, na bado hakuweza kulifikiria jinsi lilivyo. Kisa chake hakimpi mzazi ruhusa ya kuchelewa, maana watu wazima wengi hawapati alichopata yeye.

Aliyepoteza jicho ukubwani yuko katika hali nyingine, kwa kuwa anajua alichokipoteza na ubongo wake tayari umefunzwa na dalili zote zilizobaki. Wiley Post, Mmarekani aliyepoteza jicho la kushoto mwaka 1926 katika ajali kwenye kisima cha mafuta, alitumia fedha za fidia kununua ndege yake ya kwanza, na mwaka 1933 akawa mtu wa kwanza kuizunguka dunia kwa ndege akiwa peke yake. Rubani hutua kwa kutazama njia ya ndege inavyopanuka na ardhi inavyotiririka, mambo ambayo jicho moja huyaona barabara.

Lakini hakuna kisa kinachouonyesha mpaka ule wa hesabu waziwazi kama kile cha Mansoor Ali Khan Pataudi, mchezaji wa kriketi wa India, ambaye mwezi Julai 1961 alipoteza uwezo wa kuona kwa jicho la kulia katika ajali ya gari nchini Uingereza. Katika siku zake za mwanzo baada ya ajali alijaribu kumimina maji kwenye glasi yakamwagikia mezani, na alipotaka kuwasha sigara moto wa kiberiti ulikosea ncha yake kwa milimita chache. Kiwanja cha kriketi, hata hivyo, kina urefu wa takriban mita 20 kati ya mrushaji na mpigaji, umbali ambao macho mawili, kwa kipimo kilichotumiwa hapo juu, hayawezi kutofautisha chini ya sentimita 60, na mpigaji huusoma mpira kwa mwendo wake na kwa kasi ya kukua kwa umbo lake. Mwezi Desemba wa mwaka huohuo Pataudi alikuwa uwanjani Delhi akiichezea India dhidi ya Uingereza; mwezi Machi 1962, akiwa na umri wa miaka 21, alikuwa nahodha wa timu ya taifa; na mwaka 1964, huko huko Delhi, alipata mikimbio 203 bila kutolewa.